Nchi Isiyo na Giza

Kalenda yangu ilikuwa na wiki ya siku tisa, na siku ya tisa haikuwa na jina. Nane za mwanzo nilizipata kwa jioni moja: Kutupa, Kuvuta, Kuanika, Kupeta, na nyingine nne za namna hiyo, kwa sababu watu wa nchi niliyoitunga walikuwa wavuvi wa dagaa kama watu wetu. Ya tisa ilinishinda wiki tatu. Kila jina nililoandika nililiona la kitoto nikalifuta, kisha nikaogopa kwamba lile nililolifuta ndilo lilikuwa zuri.

Nilikuwa nimemaliza chuo mwaka uliotangulia na sikuwa na kazi. Asubuhi nilimsaidia mama kwenye soko la dagaa la Mwaloni, pale Kirumba, kuchambua dagaa wakavu na kutoa mchanga na vigamba vya konokono. Mchana nilirudi nyumbani kutunga hadithi ya nchi isiyokuwapo. Shida ni kwamba hadithi yenyewe ilikuwa haijaanza. Nilijiambia siwezi kuandika "kesho yake" wakati sijui kesho yao inaitwaje. Nikatunga misimu, miaka, siku za kufunga mwaka. Karatasi sita nilizibandika ukutani juu ya kitanda.

Tulikuwa na kundi la wasomaji, vijana kama kumi, tuliokutana kila Jumamosi kwenye chumba cha kuazima mtaa wa Mirongo. Kila mara mmoja wetu alisoma alichoandika. Zamu yangu nilikuwa nimeiahirisha mara mbili. Jumanne ile dada anayelisimamia kundi akaniandikia kwenye simu: "Mdogo wangu, Jumamosi hii unasoma au husomi? Usiposoma nafasi yako nampa mwingine moja kwa moja, na usinikasirikie."

Niliusoma ujumbe huo labda mara ishirini. Kusema nisimkasirikie, ndiyo kusema yeye ameshakasirika? Nikajibu, "Nasoma, dada," halafu nikakaa kitandani, chini ya zile karatasi sita. Nilikuwa na kalenda. Sikuwa na hata sentensi moja.

Alhamisi mama alirudi mapema. Tulikuwa kwenye mbalamwezi, na Mwaloni mwezi ukishakuwa mkubwa mzigo unapungua. Dagaa huvuliwa kwa taa, na taa haivuti kitu kama ziwa lote linang'aa. Wavuvi wanapandisha mitumbwi, wanashona nyavu, wanaoa, wanagombana, wanasubiri giza. Mama hasemi "wiki ijayo", anasema "giza likiingia". Sare za shule, safari ya kwa bibi, hata kung'oa jino, vyote nyumbani kwetu viliahidiwa kwa giza. Nilikua ndani ya maneno hayo na sikuwahi kuyafikiria.

Akasimama mlangoni mwa chumba changu, ndoo mkononi, akatazama ukuta.

"Hii nayo ratiba ya nini? Umepata kazi hujaniambia?"

"Hapana, mama. Ni kalenda."

"Kalenda si ile ya sebuleni, tuliyopewa na duka la dawa?"

"Hii ni ya nchi ya kubuni. Ya hadithi yangu."

Nilitegemea acheke aende zake. Akaweka ndoo chini. "Haya, nieleze."

Nikamweleza kwamba watu hao wanavua dagaa kwa taa, na angani wana miezi miwili. Nikamwonyesha miduara niliyoipaka rangi. Nilikuwa nimeipanga kwa uangalifu sana: mmoja ukijaa, mwingine umepotea, yote ikiwa nusu, mmoja unazama usiku wa manane na mwingine unachomoza. Mimi naogopa giza tangu utotoni, na niliona huruma kuwaumba watu halafu niwaachie kitu hicho.

Mama alifuata miduara kwa kidole, toka mwanzo wa mwaka hadi mwisho. Akarudia.

"Sasa giza lao lini?"

"Hawana."

"Hawana kabisa?"

"Nimehakikisha, mama. Mwaka mzima."

Akacheka mpaka akashika fremu ya mlango. "Mama wee! Hao dagaa wanawavua kwa nini, kwa maombi? Umewaua watu wako wote kwa njaa! Siku ya Kuanika, siku ya Kupeta. Wanaanika nini, kanga?" Akajifuta macho. "Umesomeshwa kwa dagaa, halafu unawawekea wenzio mbalamwezi mwaka mzima. Msomi wangu huyu!"

Akachukua ndoo. Nilimsikia bado anacheka jikoni.

Nikaandika, "Dada samahani, Jumamosi," nikafuta. Nikaandika tena, nikafuta. Nikatoka, nikatembea hadi ufukweni ilikopandishwa mitumbwi, nikarudi, nikaenda tena. Wanaume walikuwa wamekaa kivulini wakishona nyavu na kubishana kuhusu mpira, na kila mmoja wao alijua zimebaki siku ngapi giza liingie, bila kutazama popote. Nilichokuwa najiuliza sasa hakikuwa jina la siku. Nilijiuliza watu wangu wanakula nini.

Ijumaa nikabandua karatasi nne. Mwezi mmoja kati ya ile miwili niliupunguza mwendo, ukawa unatambaa, hivyo giza likapatikana siku chache tu kwa mwaka. Hesabu ikaharibika. Zilibaki siku mbili na nusu ambazo hazikuwa na mahali, zikaniwasha kama mchanga kwenye shuka. Nikaziacha. Nikaandika: "Mama alisema giza litaingia baada ya siku kumi, na nyumba nzima haikulala."

Jumamosi nilikuwa na ukurasa mmoja na nusu. Niliulaza gotini nikaanza kusoma. Karibu na mwisho kijana mmoja akanikatiza.

"Samahani, wiki yao ina siku ngapi?"

"Tisa."

"Mbona umetaja nane?"

"Ya tisa haina jina bado."

Nikasubiri wacheke. Dada akasema, "Endelea."

Nilikuwa nimebakiza mistari minne. Sauti ilinitetemeka yote minne, lakini niliisoma.