Mtembeza Watalii Alivyomuua Shangazi Yangu kwa Mapenzi

Habari za kifo cha shangazi yangu nilizipata nikiwa namnyoa mteja ndevu, huku nikisikia harufu ya vitunguu alivyokuwa anakaanga marehemu huko juu.

Msinielewe vibaya. Kichwa changu kiko sawa.

Mimi ni kinyozi. Chumba changu cha kazi kiko chini ya nyumba ya shangazi, kwenye mtaa wa zamani wenye maghorofa mafupi na vibaraza vya mbao vilivyoinamia barabara kama watu wanaosikiliza umbea. Shangazi anaishi juu. Yeye na marehemu mumewe, fundi saa, hawakujaliwa mtoto, kwa hiyo wazazi wangu walipotangulia, akanichukua mimi.

Asubuhi hiyo kundi la watalii lilisimama mbele ya mlango wangu. Kofia pana, chupa za maji, simu hewani. Mbele yao kasimama kijana mwembamba ameshika mwavuli mwekundu.

Huyo mtaani tunamwita Karne. Hajawahi kusema "zamani" tangu aanze kazi ya kutembeza wageni. Kwake kila kitu kilitokea karne fulani, hata kama ni juzi.

"Mabibi na mabwana," akasema, sauti ameishusha kama yuko wodini, "katika nyumba hii, karne iliyopita, aliishi binti wa damu mbili. Baba yake ni wa Waliokuja na Biashara. Mama yake ni wa Wenyeji wa Asili. Akampenda kijana wa upande wa tatu. Pande zote zikakataa. Binti akapanda juu, akajifungia, hakushuka tena. Alifia pale, dirishani."

Watalii wakainua macho. Mama mmoja akatoa leso.

Hapo dirisha likafunguka. Shangazi akatokeza, akakung'uta kitambaa cha meza, makombo yakawamwagikia watu vichwani, akafunga dirisha.

Mzee mwenye kamera alikaa chini barabarani bila kupanga.

"Mara chache sana," Karne akasema bila hata kupepesa, "kivuli chake huonekana."

Tuwe wakweli, jamaa ana kipaji.

Nikamwacha mteja na povu lake, nikapanda ngazi.

"Shangazi, umekufa."

"Lini?"

"Karne iliyopita."

Akageuza vitunguu. "Nimekufa na nini?"

"Mapenzi."

Alicheka mpaka akashika ukingo wa meza. "Sasa yule fundi saa aliyekuwa anamaliza sufuria nzima humu ndani, alikuwa anapikiwa na nani?"

Kumbe kisa chenyewe kilikuwa na chembe ya ukweli. Ni kweli pande zote zilikataa aolewe na fundi saa. Ni kweli alijifungia chumbani. Ila ilipofika jioni akasikia njaa, akashuka, akala, akaolewa.

Sehemu hiyo ya kula Karne aliikata.

Nilimfuata kesho yake, nikamkuta anakunja mwavuli wake.

"Kaka," akaniambia, "historia bila chozi ni anwani tu."

Akanieleza mpango wa matembezi yake. Mji huu, alisema, una pande nne: Wenyeji wa Asili, Waliokuja na Biashara, Waliokuja na Vita, na Waliokuja Tu. Kila upande una mtaa wake, kila mtaa una kituo chake cha kupiga picha.

"Na sisi tuliochanganyika?"

"Mchanganyiko ukiwa hai unawachanganya wageni. Ukishakufa unakuwa urithi."

Nikarudi kunyoa.

Mwanzoni shangazi alilichukulia jambo hili kama mchezo. Siku nyingine alijitanda shuka jeupe, akapita dirishani taratibu, watalii wakashikana mikono. Tulicheka sana jikoni.

Kisha mambo yakaanza kuvuka mipaka.

Watu wakaacha maua mlangoni kwangu. Wasichana wakafunga nyuzi kwenye nondo za dirisha waombee wachumba. Bwana mmoja aliomba ruhusa ya kunusa ukuta. Wateja wangu wa kawaida nao wakaanza kukwepa, maana nani anataka wembe shingoni chini ya chumba cha mzimu?

Karne mwenyewe alipanda kubisha hodi.

"Shikamoo mama."

"Marahaba, mwuaji wangu."

"Mama, naomba kitu kidogo. Asubuhi usitoke na kikapu cha sokoni. Kinaharibu majonzi."

Shangazi akamtazama, akafunga mlango polepole. Siku hiyo hakucheka.

Haikupita muda, akaja afisa wa majengo ya kale. Suti nadhifu, kibao cha shaba amekikumbatia kifuani. Kimeandikwa: NYUMBA YA BINTI ALIYENGOJA.

Tukamkaribisha. Akakaa, akanywa maji, akatoa hukumu.

"Jengo hili sasa ni la kihistoria. Kwa taratibu zetu, nyumba ambayo mwenyewe alifariki bila kuacha mtu inakuwa chini ya ofisi. Itakuwa makumbusho. Mtahama mwisho wa mwezi."

"Mwanangu," shangazi akasema, "mwenye nyumba ni mimi."

"Mwenye nyumba alifariki, mama. Kwa majonzi."

"Ni mimi huyo."

Afisa akayatazama mashavu ya shangazi, ambayo kwa kweli yamejaa. "Samahani, mama. Hali yako haiendani na majonzi."

"Hati ya nyumba ina jina langu."

"Ina jina la binti wa mwenye nyumba wa kwanza. Yaani marehemu. Kwa hiyo hati yenyewe inatuunga mkono."

Nikaingilia. "Mzee, majirani wote wanamjua."

"Majirani ni wa mtaa mmoja. Wageni wameandika mitandaoni kutoka kila pembe ya dunia, wote wanasema alikufa. Nimkanushe nani?"

"Na huyu?" Shangazi akaniwekea mkono begani. "Huyu ni mwanangu. Nimemlea mimi."

Afisa akasimama, akakung'uta suruali.

"Marehemu hakuacha mtu," akasema.

Maneno hayo yaliniingia kama mfupa wa samaki. Mimi ndiye niliyepakwa dawa ya kifua na mkono ule. Mimi ndiye niliyefundishwa kusoma kwenye meza ile. Nimekaa pale pale, nasikia kwamba sipo.

Alipoondoka, shangazi alikaa akikunja na kukunjua kitambaa cha meza.

"Mwanangu," akasema mwishowe, "nenda katangaze. Kesho asubuhi kuna msiba hapa."

"Wa nani, shangazi?"

"Wangu. Nimekufa, sijaliliwa. Hiyo ni dharau."

Nilidhani huzuni imempanda kichwani. Lakini shangazi akisema jambo mara moja, ukimuuliza tena anakutuma mbali zaidi. Nikaenda.

Kesho yake mtaa ulifurika. Mikeka kutoka ukutani hadi ukutani, viti vya kuazima, masufuria ya chai. Walikuja wa pande zote nne, wengine kwa huruma, wengine kwa chai, wengi wakitaka kuona marehemu anavyopokea rambirambi.

Shangazi alikaa katikati kajitanda, anaitikia. "Poleni. Asanteni. Mimi mwenyewe nimeshtuka."

Kisha likazuka jambo ambalo hatukulitarajia.

Mzee mmoja wa upande wa baba yake, tajiri wa vitambaa, alisimama akakohoa. "Kwa kuwa marehemu ni binti yetu, ni haki alale makaburini kwetu. Na nyumba ni jasho la baba yake."

"Tumbo lililomzaa ni letu," akajibu mama mmoja wa upande wa mama yake. "Yule ni wetu mzima mzima."

"Alikuwa mke wetu," wakadakia wakwe, ndugu za fundi saa. "Mwanamke akiolewa amehama."

Wakashikana maneno mbele ya marehemu. Na hao ndio wale wale. Yule tajiri wa vitambaa hakumwita shangazi kwa jina hata siku moja. Alikuwa akisema "yule nusu". Yule mama alikataa kukaa naye meza moja harusini. Wakwe ndio usiseme. Maisha yake yote shangazi alikuwa nusu kila alikokwenda. Amekufa, amekuwa mzima kila mahali.

Shangazi alikuwa anamimina chai.

"Nilipovunjika mguu," akauliza, bila kupaza sauti, "nani kati yenu alikuja kuniona?"

Watu wakaanza kuchunguza vikombe vyao.

Hapo akatokea afisa na kibao chake, na fundi nyuma yake kabeba drili. Akasimama, hana pa kuweka mguu.

"Kuna nini hapa?"

"Msiba," shangazi akasema. "Wa yule uliyesema hakuacha mtu. Pita uwasalimie aliowaacha."

Akageuka kwangu. "Huyu nimemlea. Wale ni wa baba yangu. Wale wa mama. Wale wa mume wangu. Uliza mmoja mmoja kama ni jamaa wa marehemu."

Na nani angekana? Kila mmoja alikuwa ametoka kuidai maiti kwa sauti ya juu.

"Ni damu yetu," akasema tajiri wa vitambaa.

"Ni wetu mzima mzima," akasema yule mama.

"Haiendi ofisini nyumba hii," wakasema wakwe, na hiyo ilikuwa mara ya kwanza katika historia ya mtaa pande zote kukubaliana.

Afisa akajifuta jasho. "Basi, kama kuna warithi wengi hivi, ofisi haina nafasi." Akatazama huku na huku. "Na marehemu yuko wapi, tutoe heshima za mwisho?"

"Anakupa chai," nikamwambia. "Pokea, inapoa."

Alipokea. Afanye nini?

Wakati huo huo, mwavuli mwekundu ukachomoza kwenye kona. Karne na kundi lake. Akaona mikeka, akaona afisa, akataka kurudi kinyumenyume.

"We Kidole, hebu njoo hapa."

Sauti ilitoka mkekani, kwa mama mmoja muuza mboga tuliyezoea kumwona sokoni tu. Karne alisimama kama aliyekanyaga msumari.

"Mama," akasema.

Ni mama yake mzazi, na Kidole ndilo jina la Karne la nyumbani.

"Nimekuja msibani. Naambiwa huyu mwenzangu umemuua wewe, kwa sababu alizaliwa pande mbili. Waambie wageni wako baba yako alitoka wapi."

Karne akatazama chini.

"Waliokuja na Vita," mama yake akajibu mwenyewe. "Na mimi ni wa Waliokuja Tu. Nyumbani kwetu kila mtu ni nusu, na kila mtu anakula sahani nzima."

Watalii walikuwa wametoa simu. Karne akafunga mwavuli.

"Kila siku wananiuliza mimi ni wa upande gani," akasema. Kwa mara ya kwanza sauti yake haikuwa ya kutembezea wageni. "Nikisema pande mbili, wanauliza upi ndio wa kweli. Nikaona nitunge mtu mmoja wa pande mbili ambaye hawatathubutu kumuuliza hivyo. Wakampenda. Sikujua nitaishia wapi."

Nilikuwa nimejiandaa kumchukia huyo kijana mpaka kiama. Ghafla sikuweza.

Shangazi akamtwisha sinia la vikombe. "Uliishia kaburini kwangu. Haya, gawa chai. Anza na hao wageni wako, wamesimama juani."

Akagawa. Afisa akaondoka na kibao chake, drili haikuwashwa. Ndugu nao hawakuweza kumrithi mtu aliyewamiminia chai, wakakunja mikeka. Sisi tupo hapa mpaka leo.

Karne bado anatembeza wageni, ila siku hizi anawapandisha juu kwa shangazi. Shangazi anawasimulia mwenyewe: alipenda, akakatazwa, akajifungia, akasikia njaa, akashuka, akaishi na mwanamume aliyekoroma.

Juzi Karne alinionyesha maoni ya mgeni mmoja mtandaoni. Akaanza kusoma huku anajikaza asicheke.

"Nyumba ni nzuri sana. Lakini mwanamke waliyemwajiri aigize yule binti hafai kabisa. Hana huzuni, na hafanani hata kidogo na mtu wa damu mbili. Watafute wa kweli."

Shangazi alipoelezwa, aliuliza kama kuna mshahara ambao hajalipwa.

Ndugu zangu, mtu akianza kukusifia kuliko wanavyokujua unaoishi nao, usikimbilie kushukuru. Msikilize mpaka mwisho. Huenda katikati ya sifa hizo ameshakuzika, na ndugu waliokususa wameshaanza kugawana vyumba.