Komunike ya Karibuni Ikae Juu

Watu wa Kalemie huleta komunike, matangazo yao, kwa redio yetu: kilio, mbuzi aliyepotea, muntu anayetafuta ndugu waliotawanyika kwa vita. Tukishazisoma hewani, tulikuwa tunazifungia ndani ya ordinatere, kompyuta yetu, na kuzisahau.

Mimi mwenyewe njo niliweka mashini ya kuzitafuta. Nilipiga amri kwa seva ya Linux, ikakataa. Nikaitukana, nikaanza upya, umeme ukakatika. Hatimaye ikasoma komunike zote. Kisha nikaipangia: ya karibuni itoke juu, ya zamani ishuke chini. Mupango huo niliuonea fahari kupita yote. Nani ana haja na habari za juzi?

Siku ya kuionyesha, Papa mukubwa wa redio aliita watu, majibu ya mashini yakawa yanaonekana ukutani. Mudomo wangu nao haujui kutulia. Nikamuona mama anayetuuzia mikate ya kukaanga mulangoni, yule aliyekimbia vita kule Nyunzu. Nikapaza sauti kwa mikro:

"Mama, kuja! Hii itakutafutia hata bwana!"

Watu wakacheka. Yeye pia akacheka, akapangusa mafuta mikononi. "Bwana wa nini tena? Nitafutie mudogo wangu, mwanangu. Tulipotezana njiani." Akataja jina la mudogo wake na la baba yao.

Nikaandika. Kufumba na kufumbua, majibu haya hapa!

"Munaona?" Makofi yakalia. Na mimi, mupumbavu, nikaanza kusoma ya juu kabisa: "Wafanyakazi wenzake wa Kabimba wanatangaza kifo cha kijana wa Nyunzu..."

Makofi yakakatika. Nilizima mikro, lakini maji yakimwagika hayazoleki. Nilitamani ardhi ipasuke inimeze.

Mama hakupiga kelele. Alikaa chini, akanyoosha miguu vile wanawake hukaa kwa kilio. "Na zile za chini?"

"Mama, tuache kwanza..."

"Soma."

Nikasoma nikishuka. Mudogo wake anaumwa, anaomba dada afike upesi. Chini yake: amejenga nyumba, chumba kimoja ni cha dada. Zilisomwa hewani mama akiwa kambini bila redio. Halafu akaja akauza mikate mulangoni petu, tukala, tukamutania, na hakuna hata mumoja wetu aliyemuuliza anamutafuta nani. Haya ilinipanda mpaka masikioni, sikuweza kumutazama.

Nikafika ya mwisho, ya zamani kuliko zote.

"Niko muzima. Niko Kabimba, ninafanya kazi kwa kiwanda cha simenti. Dada yangu, kama unanisikia, kuja."

Mama aliitazama pale ukutani. Kisha akainyooshea kidole.

"Mwanangu," akasema, "ungeanza na hii."