Mwalimu wa Betri

Juzi huko Mkange niliketi nyuma ya darasa la kisomo cha watu wazima. Mwalimu wao kahamishwa, wameachiwa redio mezani iwafundishe.

"Je, mmeelewa?" redio ikauliza, kisha ikanyamaza kidogo.

Bibi mmoja wa mbele akainua kidole. "Mimi sijaelewa, mwalimu."

"Vizuri sana," redio ikasema. "Tuendelee."

Wenzake wakainamia madaftari. Yeye hakushusha kidole mpaka somo likaisha, ndipo akanigeukia. "Mwanangu, huyu bwana hasikii, au hataki kusikia?"

"Hasikii, bibi."

"Sasa kanisifia nini?"

Nimerudi na swali hilo na halinipi raha. Leo mhariri wangu kaipitishia macho makala hii, kasema, "Vizuri sana." Nimetamani nimfungue mgongoni nione betri.