Mwanamke wa Sinema Bubu, Ghalani Busale

Siku yangu ya kwanza kazini, Mkuu wa Kitengo cha Sinema hakunipa mashine. Alinipa kopo la ukanda wa filamu, akaniambia ninuse.

"Ukinuka siki, unaoza," alisema. "Ukinuka soksi chafu, uweke mbali na moto. Huo ukiwaka, hata maji hayauzimi."

Ndivyo sisi mafundi projekta tulivyofundishwa. Nilizungushwa Singida, Songea, Sumbawanga, nikitundika shuka jeupe kwenye viwanja vya mpira, hadi nikaletwa Kyela, kituo changu cha mwisho. Bosi wangu hapa alikuwa Afisa Utamaduni, mama mtaratibu kutoka Lindi.

Nilipokaribia kustaafu, familia moja ya Ndandalo ilibadilisha bati za nyumba ya zamani, ikakuta kopo darini. Ndani mlikuwa na ukanda mmoja, na pembeni haukuwa na ule mstari unaobeba sauti. Sinema bubu. Niliutazama kwenye mwanga: mwanamume na mwanamke wa Kijapani, wamevaa kimono, katika nyumba yenye milango ya karatasi. Mwanamke alikuwa analia. Ukanda ulinuka soksi chafu na ulishaanza kunata, nikamweleza bosi kwamba mvua zikipita utakuwa unga.

"Basi wenyewe wauone kwanza," alisema, "ndipo tuwaite wataalamu."

Tuliazima ghala la kakao Busale, mchana, madirisha tukayaziba kwa maturubai. Ndoo za mchanga niliziweka miguuni. Bosi hakuja, alikuwa na kikao. Walikuja watu wachache wa ile familia, wazee watupu, akiwemo Bibi Tusekile wa hapohapo Busale. Mdogo wake, Atupele, alichukuliwa na mafuriko ya mto Songwe wakiwa wasichana, na mwili haukuonekana.

Ghalani ilisikika mashine tu. Yule mwanamume aliondoka kwa hasira. Mwanamke akabaki mlangoni, akageuka, akatutazama sisi. Midomo yake ikasema jambo. Kisha akainua mkono, kiganja chini, akakunja vidole taratibu, vilevile tunavyoitana huku.

Bibi Tusekile alisimama. Nilidhani anatoka nje. Alitembea hadi kwenye shuka, uso wa yule mwanamke ukamwangukia mgongoni, naye akaweka kiganja pale ulipokuwa ule mkono.

"Nakuja, Atupele," alijibu kwa Kinyakyusa, kwa sauti ya kawaida, kama mtu aliyeitwa jikoni.

Shemeji yake alimshika bega. Ukanda ukaisha, shuka likabaki jeupe, naye bado amesimama pale. Nilipofungua mashine kuisafisha, nilikuta vumbi la kahawia kwenye kidirisha kinachopitisha picha.

Wataalamu walipokuja walisema filamu ile ilikwisha kupotea karibu yote, na kipande chetu hakipo kwingine duniani. Wakakichukua. Baadaye mmoja wao alirudi na nakala, tukaitazama kwenye kompyuta ya bosi, Bibi Tusekile ameketi mbele. Mwanamke anafika mlangoni, anageuka. Kisha mabaka meupe yanachemka skrini nzima. Yakitulia, mlango umefungwa. Mkono haupo.

Mtaalamu alieleza kwamba tabaka la picha huenda lilibanduka wakati ukanda unapita kwenye mashine.

"Ninyi ndio watu wa mwisho kumwona," alisema.

Bibi Tusekile aliomba irudiwe. Ikarudiwa. Akajifunga khanga yake vizuri, akaondoka.

Sasa nimestaafu, nalima mpunga kidogo hapahapa Kyela. Vijana wanatazama sinema kwenye simu, na wakipitwa na jambo wanarudisha nyuma. Kazi yetu haikuwa hivyo. Kilichopita kwenye shuka kilibaki kwa waliokuwepo tu. Tuliokuwepo ghalani tumebaki wawili. Nikipita Busale namwamkia Bibi Tusekile, ananipa ndizi, na hatukawii kufika kwenye mazungumzo yaleyale. Mimi nakumbuka ulikuwa mkono wa kulia. Yeye anasema wa kushoto, kwa kuwa Atupele alitumia kushoto. Ukanda usio na sauti wala maandishi unaweza kuvalishwa kwenye mashine upande wowote, kulia kukawa kushoto, kwa hiyo simbishii. Na hakuna mwingine wa kumuuliza.