Mazungumzo Yasiyo na Kimya

Nakumbuka Jumapili moja ya baridi kule Hodge Hill, Birmingham, mwanangu, nimesimama katika ukumbi mwembamba wa nyumba ya mzee mmoja kutoka Denmark, simu sikioni, nikimsimulia mama yangu habari za bustani. Nilimwambia ni yangu.

Bustani ilikuwa ya yule mzee. Aliitwa Aksel, na kazi yangu ilikuwa kumwogesha, kumpikia na kuhakikisha amemeza dawa. Ujanani mwake huko Copenhagen, miaka ya baada ya vita, alikuwa mwandishi wa sinema. Aliandika vichekesho vya familia: baba mkali, binti anayeposwa, shangazi mdaku, wote mezani wakigombania nyama. Watu walijaa kutazama, na jina lake lilipita kwenye skrini kabla hawajamaliza kuketi. Kisha televisheni ikaingia majumbani, wenye studio wakaacha kumpigia, naye akamfuata mke wake Mwingereza hadi Birmingham. Akaishia kufunga masanduku katika kiwanda kimoja cha Aston. Mke akafa. Hawakujaliwa watoto.

Lakini mkono haukusahau kazi; bado aliandika. Kila alasiri alinipa maneno ya shangazi niyasome, yeye akasoma ya baba, kisha akayakata kwa penseli. "Neno hili uso wake utalisema," akawa ananiambia.

Mimi nilikuja nchi hii kusomea unesi. Nafasi ya chuo ikaniponyoka, nikabaki na kazi ya kutunza wazee na chumba kimoja Nechells, dirisha likitazamana na ukuta wa ghala. Nikitoka kazini, mtu pekee wa kusalimiana naye alikuwa dereva wa basi. Mama hakuyajua hayo. Kila Jumapili alingoja kwenye simu ya duka sokoni, kwetu Kimilili, Kenya, nami nikampigia kwa kadi yangu ya simu kutoka nyumbani kwa Mzee Aksel. Nikamweleza juu ya masomo, marafiki na waridi. Naye akanieleza mahindi yalivyochanua. Tulicheka sana.

Siku hiyo nilipoweka simu chini, mzee aliniita.

"Nekesa, nani aliyewaandikia mazungumzo hayo?"

Nikacheka, nikamwambia kwamba yeye hajui hata neno moja la Kibukusu, lugha yetu. Akasema hana haja ya kukijua.

"Hamnyamazi. Mmoja akimaliza, mwenzake keshaanza. Nimeandika familia za namna hiyo maisha yangu yote. Watu wa kweli hukwama." Akanyoosha kidole dirishani. "Na kila ukizungumza na mama yako, unatazama bustani yangu."

Niliudhika. Nikamuuliza kuna ubaya gani kumfurahisha mzazi aliye mbali. Akanisimulia juu ya dada yake aliyebaki Denmark. Aksel alikuwa akimpigia simu kumwambia kwamba studio za Waingereza zinamgombania, hana hata nafasi ya kusafiri. Dada naye akamwambia yu mzima, kila Jumamosi yuko dansini. Habari za kifo zilimfikia Aksel pale kiwandani, kamba ya sanduku mkononi. Kumbe dada aliugua muda mrefu, akakataza ndugu yake asisumbuliwe kwa kuwa ana shughuli nyingi.

"Tulikuwa waandishi wazuri sana, sisi wawili," akasema, akageukia ukuta.

Jumapili iliyofuata nililigeuzia dirisha mgongo. Nikamwambia mama kwamba sisomi, naogesha wazee. Kwamba bustani si yangu, na chakula changu nakila peke yangu. Kisha nikakwama. Upande wa pili nikasikia kuku, redio ya duka, na mtu akibishania sukari. Nikadhani amekwenda.

"Nekesa," mama akasema, "hayo mahindi ninayokusifia, siyaoni. Tangu mvua za mwaka jana naona ukungu tu. Hapa dukani naletwa nimeshikwa mkono."

Wahenga walisema mficha maradhi kilio humfichua. Kaka yangu wa Nairobi, ambaye naye mama alikuwa akimpa sinema ile ile, alikwenda kumchukua wiki hiyo hiyo. Daktari aliokoa jicho moja. La pili lilikuwa limengoja mno.

Mzee Aksel alifariki miti ilipoanza kuchipua. Tuliomzika tungeenea kwenye benchi moja.

Sasa nawatazama ninyi vijana mliokuja huku baada yetu, mkitoka ibadani na kusimama kando ya magari yasiyo yenu, simu juu: "Mum, niko poa." Naye mama huko nyumbani anajibu kwamba wote wako poa. Mnaonana nyuso, ndiyo, lakini hata uso huandikwa.

Basi mwanangu, usimwandikie mzazi wako sinema. Ukimpigia, mpe jambo moja la kweli, hata liwe dogo, hata liwe kwamba leo hujazungumza na mtu. Kisha nyamaza, wala usikimbilie kuujaza ule ukimya. Kimya kingi kina mshindo, na humo ndimo mwenzako anamotafuta ujasiri wa kukuambia lake.

Mungu akupe mtu wa kukungoja upande wa pili wa simu, na siku utakapokwama, asikate.