Mnyonya Damu wa Filamu Fupi

Dafuleni Makwinja, fundi cherehani wa soko la Phalombe, alianza kunyonya damu mwaka ule ambao vijiji vya chini ya mlima Mulanje viliacha kulala kwa hofu ya wanyonya damu. Aliinyonya kwenye filamu za dakika tano alizotengeneza rafiki yake Gerivasi ili kuikejeli hofu hiyo. Mnyonya damu wake alikuwa mzembe: alipiga hodi kwa maskini, akaona walivyokauka, akawapikia nsima, ugali wa huko, na kurudi kwao na njaa yake.

Watu walicheka hadi wakatoa machozi. "Kaka, njoo uninyonye na mimi, mradi unipikie!" wanawake walimtania sokoni.

Kisha mpita njia akauawa kwa mawe kijiji cha jirani, akidhaniwa mnyonya damu, na vicheko vikakatika. Gerivasi akahamia Blantyre. Sura iliyobaki kwenye simu za watu ilikuwa ya Dafuleni, bomba la sindano mkononi.

"Angejuaje kuigiza vile kama si kazi yake?" wakaulizana. Wateja wakaja kuchukua vitambaa vyao, hata vilivyokwisha kukatwa.

Ndipo mama yake akafariki. Kaburi halichimbwi na wafiwa. Wachimbaji hutumwa na chifu. Dafuleni akaenda kupiga magoti kwa Chifu Namasoko.

"Mama Chifu, marehemu amelala tangu jana, na joto hili."

"Mwanangu, ile damu ya filamu ilikuwa nyanya za bustani yangu. Mimi najua."

"Basi waambie."

"Nikiwaambia, kesho watasema mimi ndiye ninayekuficha. Wachimbaji hawashiki jembe mpaka ukiri kwamba ulinyonya na umeacha."

"Nilimnyonya nani?"

"Hilo hawajauliza."

Akakiri uani, kando ya jeneza, mbele ya simu zilizoinuliwa. Mzee mmoja akataka kujua damu aliiuza wapi.

"Blantyre," akasema, kwa kuwa ilibidi ataje mahali.

Mama akazikwa kwa nyimbo zote. Jioni Dafuleni akampigia Gerivasi kumwomba hifadhi.

"Usije, ndugu yangu," Gerivasi alinong'ona. "Mtaa mzima umeiona video yako. Umesema uliiuza huku, na wanajua sisi ni marafiki. Wamesimama nje ya mlango wangu."

Simu ikakatika. Mke wa Dafuleni, Eluby, aliyekuwa akiifunga cherehani kwa kamba tayari kwa safari, hakuuliza Gerivasi amesema nini. Aliendelea kufunga.