Reli Zilizoingia Ziwani

Mimi ni fundi wa kushona hapa Rumonge, lakini mwezi uliopita nilijipa uhandisi. Niliona vyuma viwili vya reli vimelazwa ufukweni juu ya mataruma ya mbao na kokoto. Nikachukua utepe wangu wa kupimia viuno, nikapima upana kati ya chuma na chuma: mita moja kamili, sawa na reli niliyoiona Kigoma.

"Treni ya Kigoma inakuja," nikatangaza sokoni.

Jirani yangu Mama Zaina, muuza mawese, akauliza, "Mbona hizo reli zinaingia mu maji?"

"Mama, treni itapanda meli kule, itashukia hapa. Iko teknik."

Watu wakaniamini, nami nikajiamini kuliko wao. Nikajishonea suti na kofia ya mkuu wa stesheni, vifungo vya dhahabu mpaka kooni. Siku tuliyosikia reli itafunguliwa, Mama Zaina akaleta madumu ya mawese ya kupeleka Kigoma, na majirani wakaja wamevaa nguo za ibada. Nikawapanga mstari, nikainua bendera.

Injini ikanguruma ndani ya kibanda kilichokuwa juu ya reli, upande wa nchi kavu. Kamba ya chuma ikakaza, na kutoka majini ikapanda polepole, juu ya kigari cha magurudumu, boti kuukuu iliyotoboka, ikipelekwa kwa mafundi wa kuziba matundu.

Injinia wa karakana ya boti akatoka kibandani, akanitazama kuanzia kofia hadi viatu.

"Amahoro, papa," akanisalimu kwa Kirundi. "Wewe ndiye zamu tuliyemwomba, wa kulinda boti?"

Nikajibu ndiyo. Mama Zaina akacheka mpaka akakaa chini.